Kuililia Kazi Usiyomtakia Mwanao



Juma hili tunaomba tufikiri pamoja juu ya swali moja linalotugusa sisi tunaoishi ugenini na kufanya kazi ambazo hatungependa watoto wetu wazirithi. Swali ni hili: je, mtu anaweza kuililia kwa haki kazi iliyomuumiza, kazi ambayo yeye mwenyewe aliapa kwamba mwanawe hataifanya? Na kama anailia, analilia nini hasa?

Swali hili hatukuliokota hewani. Linatoka mahali ambapo wengi wetu tunapajua kwa macho tu, Sutton Manor, upande wa kusini wa mji wa St Helens.

Kijiji kilichomezwa na mji

Ukitoka Liverpool kwenda Manchester kwa barabara kuu ya M62, utaona upande wa kushoto, juu ya kilima chenye miti, kichwa kikubwa cheupe cha msichana aliyefumba macho. Wengi wetu tunakipita kila juma tukienda kazini, na watoto hawaachi kuuliza: yule ni nani, na mbona amelala? Kilima kile hakikuumbwa na mvua na upepo. Ni kifusi, yaani mawe na udongo uliotolewa chini ya ardhi kwa miaka mingi na kurundikwa pale, kwa sababu mahali hapo palikuwa na mgodi wa makaa ya mawe.

Mji wa St Helens ulikuzwa na makaa. Mfereji wa Sankey ulifunguliwa mwaka 1757 ili makaa ya hapa yafike mto Mersey na kuendelea hadi Liverpool. Makaa yakavuta viwanda vya vioo, na viwanda vikavuta watu. Mwaka 1868 vitongoji vinne vya kale, Eccleston, Parr, Sutton na Windle, viliunganishwa kuwa mji mmoja. Mgodi wa Sutton Manor ulikuja baadaye, mwanzoni mwa karne ya 20, pembezoni kabisa, penye mashamba. Nyumba za wafanyakazi zikajengwa karibu na lango lake, safu kwa safu, na watu waliofanya kazi pamoja chini ya ardhi wakawa pia majirani wa ukuta kwa ukuta. Kikawa kijiji, ingawa katika karatasi za serikali kilikuwa sehemu ya mji.

Mwaka 1991 mgodi ukafungwa. Majengo yakabomolewa, mashimo yakazibwa, miti ikapandwa. Leo mgeni hawezi kusema mji unaishia wapi na kijiji kinaanzia wapi. Watu wanafanya kazi kwingine na kununua kwingine, na basi linapita kama linavyopita mtaa wowote. Hakuna aliyekihamisha kijiji wala kukichoma moto. Kilikosa tu sababu ya kuwa kijiji.

Kazi yenyewe ilivyokuwa

Kabla hatujawahurumia waliolia, tuitazame kazi yenyewe bila kuipamba. Tarehe 21 Desemba 1910, siku nne kabla ya Krismasi, gesi ililipuka katika mgodi wa Pretoria kule Westhoughton, katika ukanda huu huu wa makaa wa Lancashire. Wanaume na vijana 344 walikufa. Kuna familia zilizopoteza baba na wana siku hiyo hiyo moja.

Hiyo ni ajali iliyoandikwa katika historia. Wengine wengi waliuawa polepole, na jambo hilo halikuandikwa gazetini. Vumbi la makaa liliingia mapafuni likakaa humo. Mtu alistaafu akiwa na nguvu za kupanda ngazi, na baada ya miaka michache hakuweza kutoka kitandani hadi dirishani bila kuhema. Mwaka 1998 Mahakama Kuu ya Uingereza iliamua kwamba shirika la makaa la taifa lilikuwa na hatia ya kutowalinda wafanyakazi wake dhidi ya vumbi hilo, na mamia ya maelfu ya watu wakadai fidia. Baadhi yao walikufa kabla hawajalipwa.

Leo tunajua na jambo jingine. Moshi wa makaa yaliyochomwa duniani kwa zaidi ya miaka 200 ni sehemu kubwa ya sababu ya joto linalovuruga mvua huko nyumbani kwetu. Mzee wa kijijini anayetazama mahindi yake yakikauka shambani hajawahi kuchoma hata gunia moja la makaa ya mawe.

Kwa hiyo hatuna sababu ya kuisifu kazi ile kupita kiasi. Wachimbaji wenyewe hawakuisifu hivyo. Katika maeneo yote ya makaa ya nchi hii baba walisema neno moja: mwanangu hatashuka humo. Wengi wa wana hao walishuka, kwa kuwa hapakuwa na kazi nyingine. Lakini neno lilikuwa limesemwa.

Kumbe siku migodi ilipofungwa, watu hao hao walilia. Miaka ya 1920 nchi hii ilikuwa na wachimbaji zaidi ya milioni moja. Mwezi Desemba 2015 mgodi wa mwisho wa kina kirefu, Kellingley kule Yorkshire, ulifungwa, na mwaka 2024 kituo cha mwisho cha umeme wa makaa kikazimwa. Kila mahali picha ilikuwa ile ile. Wanaume wenye nyuso nyeusi kwa vumbi wanatoka kwa mara ya mwisho, wanakumbatiana, na hawaoni aibu ya machozi.

Majibu mawili yasiyotosha

Jibu la kwanza ni mshahara. Walilia kwa kuwa walipoteza riziki, na hili ni kweli kabisa. Mtu asiyejua kodi ya mwezi ujao itatoka wapi ana haki ya kulia, na hakuna mahali pa kumwambia kwamba mapafu yake yatapata nafuu. Lakini kama mshahara ungekuwa yote, basi mtu aliyepata kazi nyingine yenye malipo yale yale angefuta machozi. Wengi walipata kazi katika viwanda na maghala, tena mahali palipo safi, penye mwanga na usalama. Bado walisema kuna kitu kimekwenda.

Jibu la pili ni fahari. Mchimbaji alijua kwamba taa inayowaka hospitalini na moto unaochemsha chai ya watu asiowajua vimetoka mikononi mwake. Hili nalo ni kweli. Lakini mtazame mzee aliyestaafu miaka kumi kabla ya mgodi kufungwa. Aliondoka na fahari yake yote, na hakuna aliyemnyang'anya. Mshahara wake ulikwisha zamani. Naye pia alihuzunika siku lango lilipofungwa. Basi kuna kitu kingine kilichoguswa, kisicho mshahara wala fahari.

Kibati cha namba

Ili tukione kitu hicho, tutazame jambo dogo la kila siku mgodini. Kabla ya kushuka, kila mtu alichukua kibati cha chuma chenye namba yake. Alipopanda juu, alikirudisha. Mwisho wa zamu, aliyesimamia vibati aliangalia ubao. Kama namba moja haijarudi, maana yake kuna mtu bado yuko chini. Swali la kama ni mtu mwenye cheo au kijana aliyeanza kazi Jumatatu halikuwepo. Namba haijarudi, basi atafutwe.

Na kabla ya kushuka, watu walipekuliwa mifukoni. Kiberiti kimoja, sigara moja, mahali penye gesi, kingeweza kuwaua wote. Huku juu, mtu akikupekua mfuko unaona amekudharau. Kule ilikuwa ni namna ya kusema: uhai wangu uko mfukoni mwako, na wako uko mfukoni mwangu.

Hata fedha zilikwenda kwa mtindo huo. Sheria ya mwaka 1920 ilianzisha mfuko wa ustawi wa wachimbaji, ambao kila tani ya makaa iliyotolewa iliuchangia peni moja. Peni hizo zilijenga kumbi za mikutano, viwanja vya michezo, na mabafu ya kuogea mgodini ili mtu asirudi nyumbani na vumbi lote mwilini. Peni moja haiwezi kujenga kitu. Ilijenga kwa kuwa hakuna tani iliyorukwa.

Hicho ndicho tunachofikiri walikililia. Walililia kuhitajiana. Chini ya ardhi hakuna mtu aliyeweza kujidanganya kwamba anajitosheleza. Paa lililo juu ya kichwa chako lilikuwa limeegemezwa na mwenzako, na kama aliegemeza vibaya, mlikufa wote wawili. Mtu aliyeishi hivyo miaka 30, kisha akapelekwa kwenye ghala ambako kila mmoja ana mashine yake na hesabu yake ya siku, anaweza kulipwa sawa na kuvuta hewa safi, na bado akajua kwamba akikosa kufika kesho, mashine itapewa mwingine na hakuna ubao utakaobaki na pengo.

Je, wema wa lazima ni wema?

Hapa mwenye kufikiri atatuuliza swali gumu, na tusilikwepe. Kama watu walipendana kwa sababu hatari iliwalazimisha, je, huo ulikuwa upendo? Walio ndani ya mtumbwi mmoja unaovuja wote huchota maji, hata kama wanachukiana. Hatuwezi kuwasifu kwa hilo.

Tena umoja ule ulikuwa na mipaka yake. Sheria ya mwaka 1842 ilikataza wanawake na wasichana kufanya kazi chini ya ardhi. Iliwaokoa na mateso mengi, lakini waliobaki juu wakichambua makaa kwa mikono, na Lancashire ilikuwa nao wengi, walilipwa kidogo kuliko wanaume na kuheshimiwa kidogo pia. Na wakati wa mgomo mkuu, kuanzia Machi 1984 hadi Machi 1985, wachimbaji wa Lancashire waligawanyika. Wengine walikaa nje mwaka mzima bila mshahara, wakilishwa na majiko ya pamoja yaliyoendeshwa na wanawake. Wengine walirudi kazini. Katika maeneo ya makaa kuna ndugu wa tumbo moja ambao hawakuzungumza tena tangu mwaka huo mpaka mmoja wao alipozikwa. Umoja unaoweza kumkumbatia mtu kwa nguvu hivyo unaweza pia kumtupa nje kwa nguvu ile ile.

Kwa hiyo tunakubali kwamba lazima peke yake si wema. Lakini inaweza kuwa shule ya wema. Mtoto anafundishwa kusalimia wakubwa kwa kulazimishwa. Mwanzoni anasema shikamoo kwa kuwa mama amemkodolea macho. Miaka ikipita, mama hayupo tena, na mtu mzima yule bado anasalimia, safari hii kwa hiari yake. Kama angeacha siku mama alipoondoka, tungejua kwamba hakujifunza kitu. Kipimo kinakuja lazima inapoondoka.

Kipimo cha Sutton Manor kilikuja baada ya mwaka 1991. Mwanzoni mwa karne hii lilipotokea wazo la kuweka sanamu juu ya kilima kile, baadhi ya waliokuwa wachimbaji walikaa katika kamati pamoja na wakazi wengine na wakamchagua msanii Jaume Plensa, mtu wa Barcelona, mgeni kabisa. Wazo lake la mwanzo lilitokana na taa ya mchimbaji. Wazee wale wakamwambia hawataki kitu kinachotazama nyuma tu. Akarudi na wazo jingine, uso wa msichana mdogo aliyefumba macho, anayeota. Wakalikubali. Sanamu hiyo, iitwayo Dream, yaani Ndoto, ilikamilika mwaka 2009. Ina urefu wa mita 20 na ni nyeupe, katika mahali ambapo kwa miaka karibu 80 kila kitu kilikuwa cheusi.

Tulifikirie jambo hilo. Walikuwa na haki ya kuomba sanamu ya mwanaume mwenye kofia ngumu na sururu, na hakuna ambaye angewalaumu. Walichagua mtoto. Ni kana kwamba walisema hadharani lile neno ambalo baba zao walilisema jikoni: mwanangu hatashuka humo. Na wakaliweka juu ya kifusi walichokitoa wao kwa mikono yao, ili lisionekane kama limeshuka kutoka mbinguni bila gharama. Maneno ya Kilatini yaliyo kwenye nembo ya mji yanazungumzia mwanga unaotoka ardhini. Wale wazee waliyaelewa kuliko waliyoyaandika.

Ndugu zetu wa Katanga wanalijua hili

Kati yetu wapo waliotoka Lubumbashi, Likasi na Kolwezi, nao hawahitaji kusimuliwa habari za mji uliojengwa juu ya shimo. Union Minière ilianzishwa mwaka 1906 kuchimba shaba ya Katanga. Iliwakusanya watu wa makabila mengi katika kambi zake, na katika kambi hizo Kiswahili cha Katanga kikakomaa, kwa kuwa watu wanaofanya kazi ya hatari pamoja wanahitaji lugha moja ya kuonyana. Kampuni ilitoa nyumba, posho ya unga, shule na hospitali. Watu walisema kampuni ndiyo baba, ndiyo mama.

Baada ya uhuru ilitaifishwa, ikaja kuitwa Gécamines. Mwaka 1990 sehemu ya mgodi wa Kamoto iliporomoka, na katika miaka iliyofuata uzalishaji ukaanguka hadi sehemu ndogo sana ya ule wa zamani. Watu walikaa miezi na miezi bila mshahara. Kuanzia mwaka 2003 zaidi ya wafanyakazi 10,000 walilipwa kiinua mgongo mara moja wakaambiwa waende. Baba na mama walikuwa wamekufa siku moja, na yatima walikuwa watu wazima wenye wajukuu.

Tukiweka hadithi hizi mbili pamoja tunaona tofauti moja ya maana. Mahali ambapo kampuni ndiyo iliyoshika kila kitu, ilipokwenda ilikwenda na vyote. Kilichobaki, Katanga na Lancashire, ni kile ambacho watu walikuwa wamekishika wao wenyewe: mazoea ya kuulizana hali, kuzikana, kulishana, kukumbuka namba ambayo haijarudi. Hayo hayakuwa mali ya mwenye mgodi, kwa hiyo hakuweza kuyauza.

Yanatuhusu nini sisi?

Huenda mmoja wetu anasema moyoni: hizi ni habari za Wazungu na mashimo yao, tuna ya kwetu ya kutosha. Tena makaa hayo hayo ndiyo yaliyoendesha meli zilizowaleta watawala katika pwani zetu. Ni kweli, na hatuombi mtu aisahau historia hiyo. Lakini aliyekuwa amelala kifudifudi akipasua mwamba hakugawiwa faida ya meli zile. Na sisi tumekuja kuishi ndani ya alichokiacha. Nyumba nyingi tunazopanga katika miji hii zilijengwa kwa ajili ya wafanyakazi wa migodi na viwanda. Baadhi yetu tuliletwa huku na mpango wa serikali wa kuwatawanya waomba hifadhi, ambao kwa miaka mingi umewapeleka watu mahali ambapo nyumba ni rahisi, na nyumba ni rahisi mahali ambapo kazi ilikwisha. Yaani tulipata pa kulala kwa sababu mgodi wa mtu ulifungwa.

Tena kuna akina mama na akina baba kati yetu wanaofanya kea. Usiku wa manane wanamgeuza kitandani mzee anayehema, wanamshikilia kikombe anywe chai, na wengine wanaona mgongoni mwake yale makovu ya rangi ya buluu ambayo makaa huyaacha ngozini. Huyo ndiye mchimbaji tunayemzungumza. Hatuna haja ya kwenda jumba la makumbusho kumtafuta. Yuko chumba cha pili upande wa kulia, na anayemjua vizuri kuliko watu wengi katika nchi hii ni dada yetu aliyezaliwa Bukoba au Bukavu.

Na sisi pia tuna mgodi wetu. Mgodi wetu ni ugeni wenyewe: makaratasi, zamu za usiku, ghala lenye baridi, simu kutoka nyumbani inayoita wakati huna kitu mfukoni. Ugeni umetufundisha kuhitajiana. Mtu akifiwa, kabla ya jioni kundi la simu limejaa, mhazini amefungua orodha, na kila mmoja anaandika jina na alichonacho. Kuupeleka mwili nyumbani ni maelfu ya pauni, na hakuna familia moja kati yetu ambayo ingeweza peke yake. Mkenya anamchangia Mkongomani ambaye hajawahi kumwona. Hiyo ni peni yetu ya kila tani. Tunajisifu kwamba ndio utamaduni wetu, na ni kweli, lakini tuseme ukweli wote: pia ni kwa sababu hatuna njia nyingine.

Sasa tunakuja kwenye jambo linalouma. Tunawaambia watoto wetu kila siku: someni, msije mkafanya kazi hii ninayoifanya. Tunafunga na kuomba juu ya jambo hilo, na linajibiwa. Watoto wanakuwa wauguzi wenye vyeti, wahandisi, wanasheria. Watakuwa na bima, na akiba benki. Watakapofiwa hawatahitaji orodha ya mhazini. Watazungumza Kiingereza cha hapa hapa, watahamia mtaa wenye bustani, na mtu akiwatazama hataweza kusema jumuiya yetu inaishia wapi na mji unaanzia wapi. Mgodi wetu utafungwa, wapendwa. Na sisi wenyewe ndio tunaoomba ufungwe.

Basi kama hatutaki kuomba dua moja asubuhi na kuililia jioni, inatupasa kujua mapema tunataka nini kibaki. Tusiwarithishe watoto shida yetu kama dawa. Kuna wazazi wanaosema, watoto wa siku hizi hawana upendo kwa kuwa hawajateseka. Huko ni kuutamani mgodi ufunguliwe tena ili vijana wakapate adabu. Wachimbaji wa Sutton Manor hawakuchagua hivyo. Walichagua mtoto aote, na kifusi kiwe chini ya miguu yake, akijua kipo.

Wala tusiogope sana kumezwa. Kumezwa na mji si kufa. Chumvi ikiingia katika mchuzi huioni tena, lakini anayeonja anajua kama ipo. Kijiji kinakufa pale ambapo mtu mmoja anakosa kurudi na hakuna anayegundua. Ukitazama hivyo, kuna mitaa yenye majina makubwa na mipaka mizuri kwenye ramani ambayo imekufa zamani, na kuna watu wachache waliotawanyika katika miji mitatu ambao bado ni kijiji.

Kwa hiyo tunachopaswa kuwafundisha watoto ni ubao wa vibati. Wafundishwe kuhesabu watu. Kijana wetu anayefanya kazi ofisini ajue jina la mlinzi wa usiku, na aone kama juma hili hakuja. Binti yetu aliye chuoni amtafute mwenzake aliyeacha kujibu simu. Na wachange wakati ambapo wao wenyewe hawahitaji kuchangiwa, maana hapo ndipo mchango unapoanza kuwa wa hiari. Wasiishie kwa wanaozungumza Kiswahili tu. Yule mzee wa chumba cha pili naye ni namba ambayo karibu kila mtu ameisahau. Mtoto anayekwenda kumsalimia Jumamosi, akamuuliza mgodini kulikuwaje, anajifunza mengi kuhusu mji aliozaliwa, na anamlipa mzee deni ambalo fidia ya mahakama haikuligusa.

Kwa wanafamilia watakaokaa mezani leo mchana, tunaacha maswali matatu ya kuzungumza pamoja na watoto. Ni kazi gani katika nyumba hii tunayoifanya ili mwingine asije akaifanya? Itakapokwisha, ni kitu gani tulichojifunza ndani yake ambacho hatutaki kiondoke? Na ni nani ambaye hatujamwona kwa majuma mawili?

Swali la tatu lisingoje mchana. Kabla hatujaondoka ukumbini leo, kila mmoja atazame kiti kilicho jirani yake. Kama aliyezoea kukaa hapo hayupo, apigiwe simu kabla chai haijapoa.

Mungu awabariki, na juma liwe jema.